Mpelelezi Akiwa na Lake Jambo

Asubuhi moja ya mwezi wa Juni, majira ambayo baridi ya nyanda zetu humlazimu mtu kuzungumza mikono ikiwa ndani ya koti, nilikuwa nimeketi katika stendi ya Makambako nikingoja basi la Iringa, akanijia mama mmoja wa makamo, amejitanda blanketi juu ya khanga, bahasha ya kaki kwapani, akanisalimu, "Kamwene, baba," na kabla sijamaliza kuitikia akanitupia swali ambalo ndilo lililoizaa makala hii: "Hivi mahakama haiwezi kuwanyang'anya hawa jalada langu ikawapa wengine?" Kisa chake kilikuwa chepesi kusimulia, kizito kubeba. Shamba la paina aliloachiwa na marehemu mumewe lilikatwa usiku, magogo yakapakiwa lori. Mtuhumiwa anajulikana kijiji kizima, na mashahidi wawili wamekwisha kusema waliyoyaona. Lakini askari aliyekabidhiwa upelelezi amepanga chumba katika nyumba ya mtuhumiwa huyo huyo, na tangu hapo kila mama afikapo kituoni huambiwa kwamba upelelezi haujakamilika. Kituo chenyewe sitakitaja, kwa kuwa nilisikia upande mmoja tu, na mwandishi hana mamlaka ya kuhukumu wasiokuwapo.

Methali ya kesi ya nyani kuamuliwa na hakimu ngedere tunaijua sote, nayo hutajwa kila mtu anapoona kuwa mizani imeinama; ila mimi huona kwamba wahenga walimtaja mtu wa mwisho wakamsahau wa kwanza, kwani kabla kadhia haijafika kwa hakimu imekwisha kupita mikononi mwa yule aliyekwenda shambani kuhesabu visiki au aliyeona uvivu kwenda, aliyeamua nani ahojiwe leo na nani aachwe mpaka asahau, aliyeandika maelezo ya shahidi kwa kalamu yake mwenyewe, na aliyeokota mnyororo wa msumeno uliokatika au kuuacha ukapigwa na mvua palepale. Hakimu, hata awe mwadilifu wa kupigiwa mfano, huhukumu yale tu yaliyofikishwa mbele yake. Ngedere akiwa hakimu, rufaa ipo. Ngedere akiwa mpelelezi, rufaa yenyewe hukuta jalada tupu.

Kwa hiyo nitasema tangu mwanzo lile ninaloliamini, nanyi mlipime kwa mifano itakayofuata: kipimo cha kuhamisha upelelezi si ukubwa wa uovu uliotendwa, wala si kiasi cha machozi ya aliyetendewa, wala si hata uzito wa miguu ya polisi, bali ni swali moja, nalo ni kama mpelelezi, au mkubwa anayempa amri, ana lake jambo katika matokeo. Uzembe una dawa yake, na upungufu wa ujuzi una dawa yake. Maslahi peke yake ndiyo yasiyotibika mpaka mtu aondolewe kwenye kazi ile.

Mfano ulio karibu nasi kuliko yote uko kando ya barabara kuu ya Zambia, kati ya Makambako na Mafinga, katika kijiji cha Nyololo, wilaya ya Mufindi. Tarehe 2 Septemba 2012, Daudi Mwangosi, mwandishi wa Channel Ten na mwenyekiti wa klabu ya waandishi wa habari wa Iringa, aliuawa hapo katika vurugu za polisi kuzuia shughuli za chama cha upinzani, CHADEMA. Hakufia gizani. Alifia mchana, katikati ya askari wenye sare, na kamanda wa polisi wa mkoa alikuwako katika operesheni ile. Sasa tafakari, ewe msomaji, ingekuwaje lau jambo hilo lingeachwa lifuate njia yake ya kawaida: mkuu wa upelelezi wa mkoa angelipaswa kuandika maelezo ya mkubwa wake wa kazi, na askari wa kituo angelipaswa kuwauliza wenzake wa bweni moja ni nani kati yao aliyefyatua. Hata malaika akipewa kazi hiyo watu wasingemwamini, na pale ambapo watu hawaamini, shahidi hasemi.

Kilichoiokoa kadhia ile kwa kadiri ilivyookoka kilikuwa kamera. Waandishi wenzake walipiga picha zilizomwonyesha marehemu amezingirwa na askari katika dakika zake za mwisho, picha zikachapwa magazetini, na kuanzia hapo hapakuwa na mtu aliyeweza kusema kwamba marehemu alipigwa na kitu kilichorushwa kutoka kundini. Waziri wa Mambo ya Ndani wa wakati ule, Emmanuel Nchimbi, aliunda kamati chini ya Jaji mstaafu Stephen Ihema. Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora ikafanya uchunguzi wake. Baraza la Habari na Jukwaa la Wahariri nao wakatuma watu wao. Mwishoni, Julai 2016, Mahakama Kuu mjini Iringa ilimtia hatiani askari mmoja wa cheo cha chini kwa kuua bila kukusudia, ikampa kifungo cha miaka 15. Ziko taarifa tatu za uchunguzi, na mshitakiwa mmoja. Sisemi kwamba wengine walikuwa na hatia, kwa kuwa mahakama haikupata kuwapima. Nasema kwamba mfiwa anayeiona hesabu hiyo ana haki ya kuuliza kama jalada la jinai lenyewe, lile linalofika mahakamani, liliwahi kutoka katika nyumba ya wenyewe.

Yako matukio mengine ya namna hiyo nje ya nyanda zetu. Januari 2006 wafanyabiashara watatu wa madini kutoka Mahenge na dereva wa teksi waliuawa katika msitu wa Pande, Dar es Salaam, na polisi wakasema walikuwa majambazi. Rais Kikwete aliunda tume chini ya Jaji Mussa Kipenka, nayo ikabaini kwamba hawakuwa majambazi. Maafisa wa polisi, akiwamo aliyekuwa mkuu wa upelelezi wa mkoa wa Dar es Salaam, Abdallah Zombe, wakashitakiwa. Agosti 2009 Jaji Salum Massati aliwaachia washitakiwa, akasema kwamba wauaji hasa hawakuwa mbele yake na kwamba polisi wawatafute. Hukumu ile niliisoma mara nyingi kuliko inavyofaa, si kwa sababu ya sheria yake, bali kwa sababu ya msiba uliomo: jaji ameukuta ushahidi umekwisha kuchakaa, naye hana la kufanya ila kuurudisha upelelezi kwa jeshi lile lile ambalo watu wake ndio waliotoka kizimbani. Mwaka 2016 Mahakama ya Rufani ilimtia hatiani afisa mmoja, ikawaacha huru wengine, Zombe miongoni mwao. Miaka kumi ilikuwa imepita.

Na Januari 2022, mfanyabiashara kijana wa madini aliuawa mikononi mwa askari huko Mtwara. Rais Samia, katika hotuba ya mwezi uliofuata, alikataa hadharani jeshi lililotuhumiwa kuua lijichunguze lenyewe, akamwagiza Waziri Mkuu aunde kamati ya nje. Askari saba walishitakiwa, na Juni 2025 Mahakama Kuu iliwahukumu wawili wao adhabu ya kifo.

Yaweke matukio hayo matatu pamoja, utaona jambo ambalo mimi nilichelewa kulitambua: kila mara mkono ulioutoa uchunguzi kwa wenyeji ulikuwa mkono wa dola, Rais au waziri, wala haukuwa wa jaji, na kila mara dola ilisukumwa na kelele za magazeti. Ni jambo jema kwamba wakubwa walisikia. Lakini mama wa paina hana gazeti. Hajui mlango wa waziri, na Rais hatasikia habari ya visiki vyake. Mlango pekee uliojengwa kwa ajili ya mtu asiye na sauti ni ule wa mahakama, na ndiyo sababu nasema kwamba mahakama zetu zisione haya kuufungua pale inapostahili.

Hapo lakini tunakutana na desturi nzito. Sheria tuliyoirithi kwa Waingereza huitenga mahakama na upelelezi: mwaka 1944 Baraza la Mfalme mjini London, katika rufaa iliyotoka Bara Hindi, lilifundisha kwamba kazi ya polisi na kazi ya mahakama hukamilishana bila kuingiliana, na kwamba ya mahakama huanza pale shitaka linapofikishwa mbele yake. Desturi hiyo si ya kudharauliwa, kwa kuwa jaji akianza kumwelekeza askari pa kuchimba, kesho atauhukumuje udongo aliochimbisha mwenyewe? Hata hivyo Wahindi wenyewe, ambao rufaa yao ndiyo iliyozaa fundisho lile, waliona baada ya uhuru kwamba halitoshi. Tarehe 17 Februari 2010 Mahakama yao ya Juu ilitamka kwamba Mahakama Kuu ya jimbo yaweza kukabidhi upelelezi kwa idara ya upelelezi ya serikali kuu hata jimbo lisiporidhia, kwa kuwa kulinda haki za msingi ni wajibu wa mahakama ambao hakuna sheria inayoweza kuufuta. Ikaongeza papo hapo kwamba mamlaka hayo yatumike kwa nadra na kwa tahadhari, wala si kwa sababu tu mtu amewarushia maneno polisi wa kwao. Mimi naipenda nusu ya pili ya hukumu hiyo kama niipendavyo ya kwanza.

Naipenda kwa kuwa tumeona Njombe yetu jinsi hofu inavyoweza kudai lisilofaa. Mwishoni mwa mwaka 2018 na mwanzoni mwa 2019 watoto wadogo walitoweka na kuonekana wameuawa, baadhi yao wamekatwa viungo. Naibu waziri wa afya wa wakati ule alitaja miili kumi. Wazazi waliacha kazi za shambani wakawasindikiza watoto shuleni, na kila gari geni lilitazamwa kwa jicho la shari. Katika siku hizo nilisikia watu wazima, tena wenye busara, wakisema polisi wa mkoa waondolewe wote, waletwe wengine. Waziri wa Mambo ya Ndani alifika, nguvu ziliongezwa kutoka nje ya mkoa, na Machi 2019 polisi walitangaza kuwakamata waganga wa jadi 65 katika msako wa mauaji ya namna hiyo. Je, palikuwa na haja ya kuwahamisha wenyeji? Kwa kipimo changu, la. Hapakuwa na dalili kwamba mpelelezi wa Njombe alikuwa na lake jambo katika vifo vile; alichokosa ni wingi wa watu, ujuzi wa maabara na pengine kasi, na mwenye upungufu huo huongezewa, hanyang'anywi. Askari mwenyeji anajua njia ya mkato inayotoka bondeni, anajua nani amegombana na nani juu ya urithi, na huweza kuzungumza na bibi kizee kwa Kibena bila mkalimani; ukimwondoa kwa hasira unaondoa na hayo, na mgeni ataanza na kuuliza kijiji kiko wapi.

Gharama nyingine ya kuhamisha jalada huwaangukia wale wale waliolilia lihamishwe. Shahidi wa Ludewa au Makete aliyekuwa akienda kituoni kwa miguu sasa ataitwa Iringa au Dodoma, nauli yake mwenyewe, viazi vikiozea shambani. Na kielelezo kinachobebwa kutoka stoo moja hadi nyingine ni kielelezo kinachotafuta mahali pa kupotelea. Mahakama ya Rufani, tangu hukumu yake mashuhuri ya mwaka 2009 juu ya jambo hilo, imesisitiza kwamba kielelezo kifuatwe kwa maandishi tangu kilipokamatwa hadi kilipotolewa mahakamani, nani alikipokea kwa nani na lini. Wakili wa utetezi mwenye macho makali ataifurahia siku jalada lilipohama kuliko siku nyingine yoyote.

Basi ikiwa umeyapima haya yote, na bado umeona kwamba mpelelezi wako ana undugu, deni, upangaji, biashara au hofu ya mkubwa wake inayomfunga na upande wa pili, fanya nini? Usikimbilie Mahakama Kuu kwanza. Andika barua kwa mkuu wa upelelezi wa wilaya, na nakala kwa mkuu wa upelelezi wa mkoa na kamanda wa polisi wa mkoa, ukieleza jambo moja tu, yaani maslahi ya mpelelezi, pasipo matusi na pasipo kusimulia upya kesi nzima. Mara nyingi, niamini, afisa mwenye akili hubadilisha askari siku hiyo hiyo, kwa kuwa hataki jalada lake lije limchome. Ikiwa dai lako ni kwamba mpelelezi amepokea rushwa, hilo ni kosa linalosimama peke yake, nalo lina chombo chake, TAKUKURU, kisicho chini ya polisi. Na ikiwa mkubwa mwenyewe ndiye mwenye lake jambo, kama ilivyokuwa hofu ya wengi juu ya Nyololo, ruka ngazi hiyo, uandike kwa Mkurugenzi wa Makosa ya Jinai na kwa Mkurugenzi wa Mashtaka.

Huyu wa mwisho watu wengi humjua kama mtu wa mahakamani tu, na hapo hukosea. Ibara ya 59B ya Katiba inamtaka afanye kazi kwa uhuru, akizingatia nia ya kutenda haki, kuzuia matumizi mabaya ya taratibu za sheria, na maslahi ya umma. Na sheria ya mwaka 2008 iliyounda idara yake ilimpa mamlaka ya kuratibu upelelezi na kuvitaka vyombo vya upelelezi vimpe taarifa. Anazo ofisi mikoani. Kabla jaji hajaombwa kuuhamisha upelelezi, mtu huyu ndiye anayepaswa kuwa ameombwa, na jibu lake, au ukimya wake, ndio utakaokuwa kielelezo chako cha kwanza. Tume ya Haki za Binadamu nayo yaweza kuchunguza, ila mapendekezo yake si amri, tena haigusi jambo ambalo tayari liko mahakamani; anayetaka kupita kwake na apite mapema.

Kama kuna maiti, mlango mwingine upo, nao umesahauliwa kiasi cha kuota nyasi. Sheria ya uchunguzi wa vifo, Sura ya 24, inamwezesha hakimu kuchunguza hadharani chanzo cha kifo chenye mashaka, hasa cha mtu aliyefia mahabusu au gerezani, akiwaita mashahidi na madaktari. Hapa mahakama haiuhamishi upelelezi, bali huuleta nuruni. Wenzetu wa Kisumu walionja faida yake: mtoto mchanga wa miezi sita alipigwa na kufa katika operesheni ya polisi baada ya uchaguzi wa Agosti 2017, na Februari 2019 hakimu aliyechunguza kifo hicho aliwataja makamanda wa polisi kuwa ndio wa kuwajibishwa. Kenya pia wana mamlaka huru ya kusimamia polisi, IPOA, kwa sheria ya mwaka 2011. Wasidhani wasomaji kwamba chombo hicho kimemaliza taabu: mwaka 2016 wakili Willie Kimani alikuwa akimtetea mteja aliyelalamika kwamba askari amempiga risasi, na wakili, mteja na dereva wao wakauawa wakitoka mahakamani; Julai 2022 askari watatu na mpashaji habari wao walitiwa hatiani. Nakitaja kisa hicho kwa sababu moja. Pale ambapo mlalamikaji na mtuhumiwa wanakutana kila siku kwenye kaunta ile ile ya kituo, hatari haiko kwa ushahidi peke yake, na jaji anayeombwa kuuhamisha upelelezi na auhesabu uhai wa shahidi kuwa sababu inayojitosheleza. Hapa kwetu Tume ya Haki Jinai iliyoongozwa na Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman ilipendekeza mwaka 2023 kwamba upelelezi uwe na chombo chake nje ya Jeshi la Polisi. Siku pendekezo hilo likitimia kwa ukamilifu, nusu ya makala hii itakuwa historia.

Mpaka siku hiyo, anayefika Mahakama Kuu ana njia mbili. Moja ni kuomba amri ya kumlazimisha mtumishi wa umma atimize wajibu wake, na hapo kwanza huombwa kibali, nacho huombwa ndani ya miezi sita tangu kitendo au uamuzi unaolalamikiwa. Wengi hufa kwa muda kabla hawajafa kwa hoja. Nyingine ni shauri la haki za msingi chini ya Ibara ya 30 ya Katiba, na sheria yake, kwa marekebisho ya mwaka 2020, ilimtaka mwombaji aonyeshe jinsi yeye mwenyewe alivyoathirika, tena inamkataza jaji kusikiliza ikiwa ipo njia nyingine ya kutosha ambayo mwombaji hajaijaribu. Sasa umeona kwa nini nilianza na barua. Jaji atauliza: uliwaambia? Lini? Wakajibu nini? Asiye na wakili na atafute msaada wa kisheria unaotambuliwa na sheria ya mwaka 2017, wala asidanganywe na vishoka wanaozunguka mahakamani na mihuri mifukoni.

Hati ya kiapo ndiyo roho ya maombi, nayo huuawa na uvumi. Usiandike kwamba kila mtu anajua mpelelezi ni rafiki wa mtuhumiwa. Andika kwamba tarehe fulani, saa fulani, wewe mwenyewe ulimwona akiingia na ufunguo wake katika nyumba ya mtuhumiwa, au kwamba mwenyekiti wa kitongoji amekuonyesha daftari la wakazi, na huyo mwenyekiti naye aape kiapo chake. Ambatanisha namba ya RB, ile uliyopewa kituoni uliporipoti. Kama uliumizwa, weka na nakala ya PF3, ile fomu ya polisi ya matibabu. Usimseme vibaya askari ambaye hakukukosea, kwa maana jaji akiona unalichukia jeshi zima atakudhania unatafuta mpelelezi wa kukupendeza, na hilo ni ombi la kukataliwa.

Kisha jua unaloomba. Ombi la "upelelezi uondolewe kwa polisi" ni tamaa isiyo na mpini, jaji hana pa kuishikia. Omba kwamba jalada likabidhiwe kwa wapelelezi wa mkoa mwingine walioteuliwa na Mkurugenzi wa Makosa ya Jinai, na kwamba Mkurugenzi wa Mashtaka apewe taarifa ya maendeleo kila baada ya muda utakaotajwa; omba vielelezo vikabidhiwe kwa orodha yenye sahihi za pande zote mbili, na sampuli, kama zipo, zifike kwa Mkemia Mkuu wa Serikali zikiwa na lakiri; omba mashahidi wahojiwe karibu na makwao. Usiombe fulani akamatwe. Hilo ni la mpelelezi mpya, ambaye huenda akagundua, na uwe tayari kwa hilo, kwamba uliyemshuku hakufanya.

Haya, kwa maneno machache kuliko niliyoyaandika hapa, ndiyo niliyomweleza yule mama wakati kondakta wa basi langu akipiga kelele za abiria wa mwisho. Alinisikiliza bila kunikatiza, kisha akafungua bahasha, akatoa barua tatu alizokwisha kuziandika, mbili kwa kituo na moja kwa wilaya, zimeandikwa vizuri kwa mkono wa mwanawe wa sekondari. Nikazigeuza. Hapakuwa na muhuri wa kupokelewa hata katika moja, wala jina la aliyezipokea, wala tarehe. Kwa macho ya jaji zilikuwa barua ambazo hazikupata kuandikwa. Nilimuuliza miti ilikatwa lini. Akahesabu kwa vidole kuanzia Februari, akarudia tena, akafika kidole cha tano. Na miezi ya kuhesabiwa, nikamwambia, ni tangu watakapomkatalia kumbadili mpelelezi, na bila muhuri hakuna awezaye kuthibitisha kwamba waliwahi hata kuombwa. "Basi leo siendi Njombe," akasema, akazikunja barua zake upya, akavuka barabara kuelekea kwa wapiga chapa kutafuta nakala za kupigiwa mihuri kabla ofisi hazijafungwa.